Swali la Saba la Mwalimu Hakiki

Baada ya miaka thelathini na minne ya kufundisha hisabati katika shule hii hii moja, Mwalimu Hakiki anastaafu rasmi Ijumaa, tarehe 30 Juni. Hakiki si jina alilopewa na wazazi. Alibandikwa na wanafunzi, kwa sababu hakubali jibu lolote kabla hujalirudisha kwenye swali na kuhakiki kwamba linakaa. Mkewe, fundi cherehani, anasema hata mapazia ya nyumbani hupimwa mara tatu: mara mbili na yeye, mara moja na mumewe.

Alianza na kidato cha kwanza, akawa mkuu wa idara, na kwa miaka tisa akapanga ratiba ya shule nzima. Mwaka mmoja alijipangia madarasa mawili kwa kipindi kimoja, akafundisha muhula mzima akikimbia huku na huku, chaki sikioni. Mpaka leo anadai ilikuwa makusudi. Hatumwamini.

Kosa lake kubwa, hata hivyo, alilikiri mbele za watu. Nalijua vizuri, maana wakati huo nilikuwa mwanafunzi wake.

Mwalimu hutunga maswali kinyumenyume: huanza na jibu, kisha hulijengea milinganyo. Kwa swali la saba la mtihani wa mwisho wa mwaka ule, alichagua x iwe 3 na y iwe 2. Akaandika x + 2y = 7, na chini yake 2x + 4y = 14. Akahakiki, yote miwili ikakaa. Akapeleka kuchapwa, roho kwatu.

Hakuona kwamba mlinganyo wa pili ni ule ule wa kwanza uliozidishwa kwa mbili. Chumba cha mtihani kiligeuka matanga. Kila aliyeiondoa x, y nayo iliondoka, akabaki anakodolea macho sifuri ni sawa na sifuri. Mimi nilibahatisha: x ni 1, y ni 3. Nikarudisha kwenye swali, ikakaa, nikatoka kifua mbele.

Karatasi iliporudi, nilikuta kosa jekundu, na nimepungukiwa alama nne za kuvuka darasa. Haukuwa mchezo. Shangazi aliyekuwa akinisomesha alishatamka kwamba nikirudia mwaka, shule basi, nikamsaidie saluni.

Nilimfuata ofisini, nikamwomba ahakiki. Akaweka 1 na 3. Ikakaa. Akajaribu 5 na 1. Ikakaa. Akajaribu 7 na 0, kisha akavua miwani. Alichukua karatasi ya grafu, akachora mstari wa kwanza, na wa pili ukalala pale pale juu yake. Kila nukta ya mstari ule ilikuwa jibu, na nukta zenyewe hazina idadi.

Kesho yake alisimama mbele ya wanafunzi mia moja na kumi na wawili. “Kosa ni langu,” alisema. “Nilihakiki kwamba jibu langu ni sahihi. Sikuhakiki kama liko peke yake.”

Ripoti zilishatiwa saini, na mkuu wa shule wa wakati huo alitaka mambo yaishe kimya kimya. Mwalimu aligoma. Kwa siku tatu alisahihisha karatasi zote upya, jozi moja baada ya nyingine. Hata walioishia kwenye sifuri ni sawa na sifuri aliwapa alama, akisema wao ndio walioukaribia ukweli. Nikavuka darasa.

Tangu hapo, mtihani wake hauendi kuchapwa kabla mtu mwingine hajaufanya bila kuona majibu. Kwa miaka kumi na moja, tangu niliporudi hapa kufundisha, mtu huyo amekuwa mimi, jirani yake wa meza. Nikimrudishia swali, hununa mpaka chai ya saa nne, kisha hurekebisha.

Wiki iliyopita aliniletea mtihani wake wa mwisho. Swali la saba: x + 2y = 7 na 2x + 4y = 14; taja majibu mawili tofauti, ueleze kwa nini hayaishi. Pembeni, kwa penseli, ameandika: hili usinirudishie. Nilipomaliza alinipa mwongozo wa kusahihishia. Jibu la kwanza ni 1 na 3. La kwake, 3 na 2, ameliweka la pili.

Mwalimu, asante kwa zile siku tatu. Bila hizo nisingekuwepo ofisini humu kukuandikia. Sote tunakutakia mapumziko marefu na yenye heri, wewe na fundi wako, na mapazia yapimwe mara moja tu.