Ubeti wa Pili wa Pancha

Kijiwe chetu ni benchi la mbao, limekaa kati ya saluni yangu ya kunyoa na karakana ya Chuma, fundi wa kuchomelea. Asubuhi hiyo nilikuwa nimeunganisha simu na spika, napiga ule wimbo wa hip hop uliotoka kwenye filamu inayosifiwa kila mahali. Mwimbaji ni Pancha, aliyekuwa akiziba matairi hapahapa kabla hajahamia mbali. Ubeti wa kwanza anachana kama amechokozwa, kiitikio kinaingia, halafu ubeti wa pili, kimya. Mdundo mtupu mpaka kiitikio kinaporudi. Ubishi ukaanzia hapo.

— Simu yako imekula ubeti, Kinyozi, alisema Tumbo, dereva teksi. Haba na haba hujaza kibaba.

— Methali hiyo imefuata nini hapa?

— Inakula kidogo kidogo. Kesho utakuta imemaliza wimbo.

Profesa, ambaye hajawahi kufundisha hata kuku, akatikisa kichwa.

— Filamu nimeiona mimi. Pale jamaa anatembea peke yake kwenye mvua. Walitaka tuisikie mvua. Ukiona vyaelea, jua vimelowa!

— Mvua gani! alidakia Mama Kahawa, birika lake la kahawa mkononi. Wale matajiri wa filamu wamemnunua sauti mtoto wa watu. Nusu wamemwachia, nusu wameifungia kwenye chupa.

Tukacheka mpaka benchi likalia. Chuma peke yake hakucheka. Alikuwa anakitazama kikombe chake.

Pembeni alisimama dada mmoja, mteja mgeni wa Chuma, amefuata geti lake. Akauliza:

— Samahanini, huyo Pancha aliimba peke yake tangu mwanzo?

Wote pale kijiweni tulijua. Walikuwa wawili. Pancha alichana ubeti wa kwanza, Chuma wa pili, wakigonga mdundo kwenye ringi la gari. Pancha alipoitwa kwenda kurekodi, Chuma alikuwa anamuuguza mama yake. Akamwambia mwenzake, "Tangulia, ndugu yangu, nakuja." Mama akafariki, Chuma asiende. Pancha alikuwa akipiga simu, Chuma anaitazama ikiita mpaka inanyamaza. Mwisho simu hazikuja tena.

— Ubeti ule ni wangu, Chuma alisema polepole. Ameniachia.

— Sasa si uchane! alisema Tumbo.

Nikaurudisha wimbo. Chuma akasimama, akafuta mikono kwenye ovaroli. Kiitikio kilipopita akatoa mstari mmoja, sauti imekwaruza:

— Mimi na wewe shati moja, leo lako kesho langu...

Mstari wa pili haukuja. Midomo ilicheza, mdundo ukamwacha, ukaenda zake. Sauti ya Pancha ikarudi na kiitikio, ikamkuta amesimama vilevile.

— Nimeusahau, alisema. Wote.

— Mpigie, kaka yangu, alisema yule dada. Yeye lazima anaukumbuka.

Chuma akatugeukia, mmoja mmoja, kama mtu anayeulizia njia.

— Nikimpigia, naanzaje?

Tumbo alikohoa. Profesa, bingwa wa kila jambo, akainama kufunga kamba ya kiatu iliyokuwa imefungwa. Mama Kahawa akainamisha birika, yakatoka machicha matupu.

Chuma akashusha miwani yake ya kuchomelea, wala hakukuwa na moto uliowashwa, akaingia ndani kumtolea dada geti lake.