Mzee Hodi na Milango ya Maboksi

Baba yetu mpendwa alizaliwa tarehe 14 Machi 1958, mtoto wa tatu wa fundi saa na mkunga. Walikuwa watu saba katika vyumba viwili, na mlango wa ndani ulikuwa pazia tu. Hata hivyo, mama yake hakumruhusu mtu kulifunua bila kupiga hodi, hata kama anafuata kiatu chake mwenyewe.

Alimaliza sekondari mwaka 1976, akasomea upigaji picha, kisha akaajiriwa na kituo cha televisheni. Aliacha kazi mwaka 1989, siku alipoagizwa akarekodi watu waliolala barazani wakiwa bado usingizini. Tangu hapo alitengeneza filamu zake mwenyewe kuhusu maisha ya watu wasio na makazi mjini. Ndugu walidhani kachanganyikiwa. Yeye alisimama mbele ya maboksi anamolala mtu, kamera imezimwa, akapiga hodi na kusubiri. Asipokaribishwa, aliondoka. Ndiyo maana mitaani waliomjua walimwita Mzee Hodi.

Alimwoa mama yetu, fundi cherehani, tarehe 7 Agosti 1991. Alikuwa amempelekea mkoba wa kamera aushone, na wiki iliyofuata akarudi nao tena. Mama akaugeuzageuza. "Kaka, hapa hapajachanika. Hapa pamepita wembe. Sema shida yako." Akaisema.

Filamu yake ya mwisho ilimkosa mtu mmoja, bwana aliyeitwa Profesa, mkongwe wa baraza la duka la viatu. Bila yeye, marehemu alisema, filamu ni nyumba isiyo na mwenyewe. Kila alipopita aliita, "Hodi!" na sauti ikajibu kutoka ndani ya maboksi, "Hamna mtu!"

"Basi akirudi msalimie."

Mrekodi sauti wake alimshauri wampige picha kutoka ng'ambo ya barabara. "Lenzi inafika, mzee."

"Lenzi inafika. Sisi bado tuko nje."

Mwaka jana moyo wake ulianza kuchoka, na kufikia Januari hakuweza tena kushuka ngazi. Hakulalamikia maumivu, alisikitikia filamu iliyobaki kiporo. Habari zikafika barazani. Jumamosi moja, mlangoni pa chumba chake, mtu akaita, "Hodi!"

Marehemu aliijua sauti ile. "Hamna mtu!"

Walicheka mpaka mama akaja mbio na dawa. "Mbona siku hizi hupiti?" Profesa akauliza, akikaa ukingoni mwa kitanda. "Haya, washa mtambo wako. Ila usinikatize."

Marehemu aliuliza maswali akiwa amelala, na binti yake kitinda mimba akashika kamera.

Tarehe 3 Mei filamu ilionyeshwa kwanza kwa wenyewe, juu ya shuka lililotundikwa palepale barazani. Marehemu alibebwa akiwa kitini mwake, akaitazama hadi mwisho. Alifariki usingizini, nyumbani, tarehe 11 Mei 2024.

Ameacha mjane, watoto watatu, wajukuu wanne, dada mmoja, na baraza zima la marafiki.

Huko alikokwenda, akipiga hodi, aitikiwe mara ya kwanza. Aingie, apumzike.