Jumapili Zote za Kaneo Tsurumaki

Baba Padri, wazee wetu, majirani wa hapa Woolwich, London, na ndugu mliotoka Barking, Edmonton na hata Osaka, familia imemtwika Njoroge, kaka ya mjane, jukumu la kuwasomea maisha ya shemeji yake, naye anaomba mumvumilie, kwa kuwa marehemu alikuwa mtu wa kuuliza maswali, na alipoondoka alituachia maswali mengi kuliko tuliyoweza kuyajibu katika siku kumi na tano tulizopewa.

Marehemu Kaneo Tsurumaki alizaliwa siku ya Jumatano, tarehe 3 Machi 1948, katika mji wa Sakai ulio jirani na Osaka, nchini Japani, akiwa mtoto wa tatu wa Mzee Isamu Tsurumaki, mfua visu, na Mama Fumiko, aliyekuwa akiuza samaki wa kukausha. Baba yake hakuwa mtu wa maneno wala wa tabasamu, na marehemu alipenda kusimulia kwamba yeye alianza uchekeshaji akiwa na miaka mitano, si kwa kipaji, bali kwa sababu alitaka kujua kama baba yake ana meno.

Alisoma shule ya msingi mjini Sakai kuanzia Aprili 1954, akamaliza sekondari Machi 1966, kisha akaingia chuo kikuu huko Osaka kusomea uhandisi wa madaraja, ambako alidumu muhula mmoja tu. Alipoulizwa kwa nini aliacha, alisema mwalimu wake alipoliona daraja alilolichora alicheka mpaka akafuta miwani, naye akaona heri afuate kicheko aliache daraja.

Kuhusu kazi, mwaka 1969 marehemu aliungana na rafiki yake wa utotoni, Bwana Tadao Minobe, wakaanza uchekeshaji wa watu wawili ambao huko kwao ni fani inayoheshimika, mmoja akiwa mjinga wa kusema mambo yasiyo na kichwa wala miguu, na mwingine akiwa wa kumkemea na kumtandika kichwani kwa kipepeo cha kujipepea cha karatasi ngumu, ambacho hupiga kelele nyingi lakini hakiumizi hata nzi. Kaneo ndiye aliyekuwa mjinga. Kuanzia mwaka 1973 walionekana kwenye televisheni kila Jumamosi jioni, wakawa maarufu kiasi kwamba wasingeweza kununua mkate dukani bila muuzaji kuwaomba wagombane kidogo, na katika miaka ya 1978 na 1982 marehemu aliongoza filamu mbili, moja ikiwa juu ya muuza samaki anayeogopa samaki, zote zikajaza majumba ya sinema. Lakini tarehe 21 Novemba 1984 Bwana Tadao alifariki kwa maradhi ya moyo, na Kaneo akanyamaza mwaka mzima, kwani alisema mjinga asiye na wa kumkemea ni mjinga kweli.

Tarehe 17 Aprili 1986 aliwasili London, ametumwa na kituo cha televisheni kuwapiga picha wachekeshaji wa barabarani kwa miezi sita, na tarehe 9 Julai mwaka huohuo akapasuliwa kidole tumbo katika hospitali moja upande huu wa mto. Huko wodini alianza kuwachekesha wagonjwa wenzake, mpaka muuguzi wa zamu, Dinah, binti wa Murang'a ambaye leo ni mjane wetu, akaja na kumfokea kwa Kiswahili, Kikuyu na Kiingereza kwa pamoja kwamba nyuzi zikikatika yeye hatazishona mara ya pili. Marehemu hakuelewa hata neno moja, ila alituambia baadaye kwamba alilala chali akatoa machozi, kwa sababu alikuwa hajakemewa vizuri namna ile tangu Tadao afe.

Hakurudi Japani. Alipanga chumba Woolwich juu ya duka la Bwana Vinod, Mhindi wa Kisumu aliyehamia Uingereza mwaka 1968, na kwa kuwa Dinah alikuwa na shifti za usiku na mchana, ni Bwana Vinod na mkewe Bi Sushila waliomfundisha Kiswahili hapo kaunta, katikati ya magunia ya mchele na madebe ya samli. Ndiyo maana sisi wa Murang'a tulipompokea tulishangaa, kwani mbele yetu alikuwa Mjapani mwenye adabu zote, anainama mpaka paji la uso linakaribia magoti, halafu akifungua mdomo anasema, "Karibu ndani mama, mali iko, leo nasema bei ya rafiki."

Hapo ndipo tunafika kwa mama yetu, Mama Teresia, ambaye wengi mnamfahamu, na ambaye yupo hapa mbele. Siku ya Jumapili, tarehe 12 Juni 1988, marehemu aliletwa nyumbani kwa Mama kule Edmonton kujitambulisha, na baba yetu akiwa ameshatangulia mbele ya haki, wazee waliuliza maswali ya kawaida, mtu wa wapi, wa nani, anafanya kazi gani. Akajibu kwamba kazi yake ni kuchekwa. Wazee walitazamana, mmoja akakohoa, naye Mama akatamka maneno ambayo kila mtu katika familia hii anayajua kwa moyo:

"Mwanamume anayelipwa ili achekwe, mimi simjui. Siku nitakayocheka, siku hiyo nitamwita mwanangu. Kabla ya hapo ni mgeni, na mgeni atapewa chai."

Wazee waliikubali posa, na ndoa ikafungwa kwa msajili hapa Woolwich tarehe 5 Agosti 1989 na kubarikiwa kanisani siku hiyohiyo, Mama akiwa ameketi mstari wa mbele na kilemba chake kizuri, lakini neno lake hakulirudisha. Marehemu naye aliinama, akalichukua neno lile kama mtu aliyepewa kazi ya kudumu. Tangu Jumapili ile, akiwa London, hakukosa kupanda treni baada ya misa kwenda Edmonton, akaketi kwenye kochi la Mama, akanywa chai ya mgeni, akajaribu. Alijaribu kuigiza padri mwenye mafua, alijaribu kuimba Kikuyu, siku moja alikuja na suruali tatu akazivua moja baada ya nyingine hadi Mama akafunga macho na kuanza rozari. Mama hakucheka. Tulimwuliza shemeji kwa nini hachoki, akasema amewachekesha watu milioni nyingi asiowajua, sasa anataka mmoja anayemjua.

Mungu aliwajalia watoto wawili, na hapa pia mtaona ukaidi wa Mama yetu ulivyokuwa na pande mbili, kwani mtoto wa kike alipozaliwa tarehe 2 Oktoba 1990, ni Mama aliyesimama kidete kwamba mila ni mila, binti wa kwanza huchukua jina la mama yake baba, akaitwa Ann Fumiko, na wa kiume alipozaliwa tarehe 19 Mei 1993 akaitwa Tom Isamu. Mgeni gani huyo, tulijiuliza, ambaye wazazi wake wanazaliwa upya katika nyumba yetu? Hakuna aliyethubutu kumwuliza Mama.

Itakuwa dhambi tusipotaja mambo ya tarehe 16 Novemba 1991, siku ya mchango wa kinanda cha kwaya katika ukumbi wa kanisa Edmonton, ambapo marehemu alimshawishi mkewe wapande jukwaani pamoja, yeye akasema ujinga wake, na Dinah akamtandika kichwani kwa kile kipepeo cha karatasi mbele ya watu mia mbili. Ukumbi mzima ulikufa ganzi. Jumanne iliyofuata kikao cha wazee chini ya Mzee James kiliwaita wote wawili, shauri likiwa ni mke kumpiga mume hadharani, na baya zaidi, mume kuinama na kushukuru. Marehemu alikuja na televisheni begani na mkanda wa video, akawaonyesha wazee alivyokuwa akipigwa na Tadao mbele ya Japani nzima, na Mzee James, ili kujiridhisha kwamba haiumi, akaomba ajaribu, akajaribu mara tatu, na shauri likafungwa.

Kamera yake mnaijua. Hakuna harusi, ubatizo wala matanga ya watu wetu kuanzia Woolwich hadi Barking ambayo hakuyapiga picha, na hakuna familia ambayo haikumlalamikia, maana ungefungua mkanda wa harusi yako ukakuta viatu vya wageni mlangoni, shangazi aliyesinzia na mpishi akionja pilau mara saba, huku maharusi wakipita kwa mbali. Leo hao shangazi na wapishi wengi wametangulia, na mikanda hiyo ndiyo tunayoililia. Mwaka 1996 alitoa filamu yake ya tatu, *Mgeni wa Jumapili*, inayomwonyesha mwanamume anayekunywa chai kwa saa moja na nusu mbele ya mwanamke asiyecheka, ikapata tuzo, na huko Japani watu walipanga foleni kwenye mvua. Tulimpeleka Mama kuitazama. Alipotoka alisema yule mwanamke wa kwenye picha hasuuzi vikombe vyake vizuri.

Mwezi Februari 2019 marehemu aligunduliwa kuwa na saratani ya kongosho. Alitibiwa, akapata nafuu, akazidiwa, na Jumapili ya mwisho kufika Edmonton kwa miguu yake ilikuwa tarehe 8 Septemba. Alipolazwa, Mama, ambaye ana miaka tisini na miwili na hapandi gari ila kwa sababu kubwa, alipelekwa kumwona Jumapili tarehe 6 Oktoba, wakakaa wawili tu, mlango umerudishwa, na alipotoka uso wake ulikuwa uleule wa siku zote. Usiku wa Alhamisi marehemu alimshika Njoroge mkono akamwuliza jambo moja tu, kwamba Jumapili, alipokuwa anatoka, je, Mama alicheka? Njoroge hakutaka kumdanganya mtu anayekufa, akasema hapana, na marehemu akatikisa kichwa polepole kama fundi anayesikia kwamba injini bado haijawaka. Alifariki Ijumaa, tarehe 11 Oktoba 2019, saa kumi na moja alfajiri, akiwa na miaka sabini na mmoja, mkono wake ukiwa mikononi mwa Dinah.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomhudumia, hasa muuguzi Geeta, aliyekubali kukemea alipoombwa kukemea, tunawashukuru Bwana Vinod na Bi Sushila, walioleta chakula kila siku tangu msiba uingie, majirani, jumuiya ya kanisa, kwaya, wenzake wa kazi waliosafiri kutoka Japani, na ninyi nyote ambao hatukuweza kuwataja.

Hapo ndipo historia hii ilipokuwa iishie, wapendwa. Lakini Jumatatu iliyofuata msiba, Ann alipofungua kabati la baba yake alikuta daftari arobaini na mbili, za mwanzo kwa Kijapani na zilizobaki kwa Kiswahili, ambamo marehemu aliandika vicheko vya watu, tarehe, mahali na sababu, Bwana Vinod mwaka 1994 mbele ya friji, Baba Padri mara tatu, moja akiwa katikati ya mahubiri. Kumi na moja kati ya daftari hizo zilikuwa za Mama peke yake, kila Jumapili mstari mmoja, alichojaribu, na mwisho wa mstari neno "Bado". Ann, ambaye mnajua huelewa Kiswahili na kujibu kwa Kiingereza, aliketi kwa bibi yake akazisoma kwa Kiswahili, kwa kujikwaa, mpaka ule mstari wa mwisho, katika daftari iliyorudishwa kabatini pamoja na vitu vyake vya hospitali: "6 Oktoba, hospitali. Nilijifanya nimesahau jina langu. Bado."

Mama alimwambia anyamaze, akaomba Njoroge aitwe. Alipofika akamwambia, "Chukua kalamu. Historia yako ina kosa, kuna tarehe haimo." Na ameagiza isomwe mwisho kabisa, ili isichanganyike na mambo ya hospitali.

Siku ile ya kwanza, tarehe 12 Juni 1988, marehemu alivua viatu mlangoni kama wafanyavyo kwao, na kwa kuwa kwao mgeni huwekewa ndara za kuvaa ndani, alizikuta za Mama, nyekundu, zenye maua, akadhani amewekewa yeye. Akazivaa. Mkwe, amevaa ndara za mama mkwe, visigino viko nje, ameketi mbele ya wazee kwa heshima zote anajibu maswali, na sisi sote tukiona na hakuna wa kusema. Mama alitamka maneno yake makali, akaenda jikoni kutengeneza chai, akafungua bomba la maji hadi mwisho, akaegemea sinki akacheka mpaka mbavu zikamuuma. Aliporudi na macho mekundu, Njoroge alidhani amelia.

"Kwa nini hukumwambia, Mama?" tulimwuliza.

"Angepata alichokifuata," alijibu, "na mtu akishapata alichokifuata anarudi kufanya nini? Mwanzoni ilikuwa jeuri tu. Baadaye nikawa nangoja Jumapili kuliko yeye. Nilisema nitamwambia Jumapili, tarehe 13. Akaondoka Ijumaa." Kisha Mama yetu, ambaye hatujawahi kumwona akilia hata baba alipofariki, alilia.

Basi iandikwe pamoja na tarehe zake nyingine kwamba Teresia alicheka siku ya Jumapili, tarehe 12 Juni 1988, yapata saa tisa alasiri, jikoni kwake Edmonton, na kwamba tangu saa hiyo Kaneo Tsurumaki hakuwa mgeni katika nyumba yetu, ila hakuambiwa. Mama hawezi kusimama, lakini maneno haya ametaka yasomwe jinsi alivyoyasema, kwa sauti, jeneza likiwa bado wazi:

"Mwanangu Kaneo, nilicheka. Sasa pumzika kwa amani, mwanangu."