Simu Kumi na Nne Kwenye Droo

Benchi liko mbele ya kibanda cha Fundi Simu, na kahawa nauza mimi, kwa hiyo upuuzi wote wa hapa unapitia masikioni mwangu kwanza. Asubuhi hiyo Meneja alikuja amechoka, shati kalifunga vifungo kombo. Ndiye anayemsimamia Chiriku, mpwa wa Fundi, tangu binti anaimba harusini. Wimbo wake wa kwanza kuwekwa mtandaoni ulikuwa umeondolewa.

— Wenye mtandao wameufuta, Meneja akasema. Eti tumechezesha simu ili tuonekane tunasikilizwa. Chiriku anakuja sasa hivi, na sijui nimwambie nini.

— Pole, ndugu yangu, akasema Profesa, karani mstaafu anayejua kila kitu isipokuwa kunyamaza. Ila siku hizi meneja wa nini? Zamani ulibeba kanda ukawabembeleze watu wa redio. Leo mtu anabonyeza tu, wimbo umefika dunia nzima.

— Na nani anamwambia ubeti wa tatu mrefu? Nani alikaa naye hospitalini mama yake alipokuwa anaondoka?

— Hiyo kazi ya ndugu, bwana.

— Ndiyo kazi yenyewe hiyo.

Fundi alikuwa ameinama, anakaza skrubu iliyokwisha kazwa. Si kawaida yake.

— Mtambo wa huko mtandaoni una wivu, Profesa akaendelea. Mle ndani kuna msanii wa chuma. Anaimba mwenyewe, anajisimamia mwenyewe, anajipigia makofi mwenyewe. Akiona mtu anapanda, anamfuta!

— Makofi kwa mikono ipi? nikamuuliza.

— Mama Kahawa, wewe mimina tu.

— Ni mimi, Fundi akasema.

Akavuta droo. Simu kumi na nne, zote kwenye chaji. Nyingine za wateja, nyingine zetu.

— Zimecheza wimbo wake kutwa nzima, wiki tatu. Nilitaka mtoto apande. Hana mama, nimebaki mimi.

Meneja akajishika kichwa.

— Fundi! Umemmaliza mtoto kwa mapenzi!

— Hata mimi niliacha yangu humo, Profesa akanong'ona.

Ya kwangu ilikuwa ya tatu kutoka kushoto. Nikaichomoa taratibu nikaitia mfukoni.

Ndipo Chiriku akatokea, macho mekundu. Habari alikwisha kuiona. Meneja akasimama haraka, akajiweka kati yake na ile droo.

— Kosa ni langu, dada. Hawa ni watu wangu, nilipaswa kuwaeleza. Nitawaandikia wenye mtandao leo, kesho nitawaandikia tena, mpaka waurudishe wimbo.

Jamani, nilimpenda yule mtu pale pale, na vifungo vyake vya kombo.

Chiriku akachungulia nyuma yake, akaziona simu. Nilidhani atafoka. Akamtazama mjomba wake kwa upole, na hilo liliuma zaidi.

— Mjomba, pale ninapomwita mama, palikugusa?

Profesa akatazama viatu vyake. Mimi nikatafuta kijiko ambacho sikukihitaji. Simu zote zilikuwa zimezimwa sauti, zisisumbue wateja.

— Sijausikia, mwanangu, Fundi akasema mwishowe. Hata mara moja. Nisamehe.

Akaanza kulia, mtu mzima, na bisibisi mkononi.

— Basi sogea, Mjomba.

Chiriku akakaa katikati yao. Akaimba pale pale benchini, sauti ya chini, Meneja akimpigia mapigo kwa kidole gotini. Alipofika kwa mama yake alimwita kwa jina la nyumbani, lile alilokuwa akiitwa na kaka yake Fundi peke yake. Fundi akajifunika uso kwa kitambaa cha kufutia vioo.

Mteja mmoja akaja kuuliza simu yake. Meneja akamwinulia mkono, akamwonyesha nafasi kwenye benchi, na yule mtu akakaa akasikiliza.