Mzee Pumzi na Wimbo Ulioshindikana Kujulikana Ni wa Nani

Baba yetu tunayemsindikiza leo, ambaye wengi wenu mlimwita Mzee Pumzi, alizaliwa tarehe 14 Machi 1944, mtoto wa pili wa mfugaji wa ng'ombe wa maziwa na mkewe. Wasifu huu umeandikwa na binti yake wa kwanza, mwalimu wa hesabu, ambaye anaomba radhi mapema: kuna mahali ameshindwa kupata jibu, na si kwa kukosa kutafuta.

Alisoma shule ya msingi kuanzia 1952 hadi 1959. Huko mwalimu wa muziki alimwonyesha kukata mwanzi na kuutoboa matundu sita kwa msumari wa moto. Tangu hapo alisoma kila alichokipata kuhusu filimbi, na hakuchoka kuwaeleza watu kwamba binadamu alitoboa mfupa wa ndege akaupuliza kabla hajajua kulima. "Njaa ilikuwepo," alikuwa akisema, "lakini mtu alikaa chini akatoboa mfupa."

Mwaka 1963 aliajiriwa kiwanda cha samani, kwenye mashine ya kukereza miguu ya meza, akakaa hapo hadi alipostaafu mwaka 1999. Vipande vya mbao vilivyobaki alivigeuza filimbi. Mbao zilipoadimika, alitumia mabomba ya maji ya plastiki. Jumatano na Jumamosi jioni alifundisha uani kwake, kwa njia ya zamani, bila karatasi: anapiga, unasikiliza, unapiga. Wiki nzima ya kwanza mwanafunzi hakugusa filimbi, alipuliza chupa tupu. "Pumzi kwanza, vidole baadaye." Ukishaiva, ndipo alipokufundisha Wimbo wa Babu, ambao alisema umepita vizazi saba, na haupigwi mtu akiwa amekaa.

Alifunga ndoa tarehe 5 Desemba 1970 na fundi cherehani, aliyemshonea mfuko wa filimbi. Aliurudisha mara tatu, eti unabana. "Filimbi ni ileile," mama alimwambia, "mfuko ndio kila wiki unapungua?" Hapo akasema shida yake, na haikuwa mfuko.

Vumbi la mbao lilimkaa kifuani. Mapafu yalianza kumsumbua mwaka 2021, na tarehe 28 Agosti mwaka huu wa 2025 alilazwa. Jumamosi ya tarehe 6 Septemba, binti akimmenyea chungwa, baba alimshika mkono.

"Mama, ule wimbo si wa babu."

"Wimbo gani, baba?"

"Wimbo wa Babu. Niliutunga mimi, kiwandani, siku mashine imeharibika. Tukaalikwa kupiga kwenye ufunguzi wa ukumbi wa shule, mwaka 1968, watu wanapiga soga. Ningesema ni wangu, wangeendelea na soga zao. Nikasema ni wa babu. Ukumbi mzima kimya!"

Binti hakujua acheke au alie. Jumapili alirudi na daftari ili aandike habari yote vizuri. Baba alimkazia macho.

"Nani kakwambia maneno hayo? Ule ni wa babu. Usinivunjie heshima ya wazee."

Muuguzi alieleza kwamba dawa zile huvuruga akili. Binti akamuuliza, zilimvuruga jana au leo? Muuguzi akasema hilo hawezi kujua.

Jumatatu alikwenda kwa baba mkubwa, kaka wa Mzee Pumzi.

"Babu yenu na filimbi wapi na wapi!" alisema baba mkubwa. "Hakuwahi kushika hata ya mwamuzi wa mpira."

Binti akamsikilizisha wimbo kwenye simu. Baba mkubwa akainamisha kichwa.

"Ngoja. Rudisha mwanzo." Akasikiliza tena. "Hapo. Baba alikuwa anapiga mluzi hivyo akikamua. Hapo mwanzo tu. Huko mbele sipajui."

Mama naye alipoulizwa alisema, "Mimi nimeolewa wimbo upo. Msinichanganye."

Jumanne, tarehe 9 Septemba, binti alikuwa kwenye ngazi za hospitali, swali la mluzi mdomoni, muuguzi alipotoka kumpokea. Baba alikuwa amefariki saa nne na robo asubuhi.

Mchapaji wa ratiba hii ya mazishi alipiga simu mara mbili kuuliza aandike "alirithi" au "alitunga". Binti aliandika moja, akafuta, akaandika jingine, akafuta. Wanafunzi nao, watakaoupiga leo, walibishana: wasimame au wakae? Mwanafunzi wake mkongwe, dereva wa lori, akasema, "Mimi nasimama. Kama ni wa babu, nasimama. Kama ni wake, kwani yeye hana wajukuu?"

Basi watasimama. Binti bado hajaridhika, maana kwenye hesabu majibu mawili hayapokelewi. Mbele ya jina la wimbo, kwenye ukurasa wa mwisho, ameacha nafasi wazi.

Marehemu ameacha mjane, watoto wanne, wajukuu kumi na mmoja, kaka mmoja, na wanafunzi ambao hakuna aliyewahi kuwahesabu. Yeyote kati yenu aliyewahi kusikia wimbo huu kabla ya mwaka 1968, popote pale, binti anamwomba asiondoke bila kuonana naye.

Baba yetu apumzike kwa amani, nasi tuliobaki na maswali tupewe utulivu.