Maxwell Wangwe na Nyasi za Kambi ya Mosabero

Leo, Ijumaa tarehe 30 Juni 2023, Maxwell Wangwe anakabidhi funguo za Makumbusho ya Kambi ya Mosabero baada ya miaka thelathini na mmoja na miezi minne ya kazi. Aliajiriwa awe mlinzi. Akawa pia mfyekaji, mwongozaji wa wageni, na mtu pekee katika Kaunti ya Migori anayeweza kukuonyesha, katika uwanda usio na mti hata mmoja, mahali jiko la jeshi lilipokuwa mwaka 1914.

Kiti alichopewa siku ya kwanza bado ni kipya. Wangwe hakai. Mgeni akishuka garini humkuta ametangulia hatua ishirini, fimbo mkononi, akieleza huku anatembea: askari waliolinda mpaka dhidi ya Wajerumani hawakuwa na kuni, kwa hiyo walipikia samadi kavu, hawakuwa na pa kujificha, kwa hiyo walijifunza kula wakiwa wamelala kifudifudi, mwenye zamu alisimama juu ya kichuguu, na upepo ukamvua kofia. Wanafunzi kutoka kisiwa cha Mfangano, kule ziwani, walizitazama nyasi hadi macho yalipokoma, mmoja akauliza, "Mzee, sasa maji mliyapeleka wapi?" Wangwe akamjibu bila kupunguza mwendo, "Askari waliyanywa yote. Twende."

Mwaka 2009 moto ulipotoka upande wa mpakani, aliuzima kwa magunia yaliyolowa maji, yeye na wachungaji wanne. Nyumba ya makumbusho ilipona. Nyusi zake hazikupona, na picha ya kitambulisho cha kazi alichopewa mwaka ule bado huwachekesha wenzake.

Kifaa chake kikuu cha kufundishia kilikuwa gunia. Kila mgeni mwenye afya alitwishwa kilo ishirini na tano za mahindi azunguke nazo kambini. Mwaka 1998 mgeni rasmi mmoja, ndani ya suti, alilibwaga gunia baada ya hatua arobaini. "Wewe, mimi nimekuja kuona mambo ya askari, si kubeba chakula!" Wangwe akamwuliza kwa heshima zote, "Sawa, Mheshimiwa. Na hao askari walikula nini?" Watu walicheka. Mheshimiwa hakucheka. Wiki iliyofuata mimi, mwenyekiti wa bodi wakati huo, nilimwandikia Wangwe barua ya onyo.

Wengi hudhani barua ile ilihusu gunia. Ilihusu nyasi.

Katikati ya kambi pana kipande cha nyasi fupi, nene, zisizokauka hata Februari. Mimi, mwalimu wa historia, nilikuwa nimeandika kwamba hapo palikuwa uwanja wa gwaride, na kwamba rundo la mawe lililo kando yake ni kaburi la askari. Wangwe alinijia katika mwaka wake wa kwanza. "Mwalimu, hapo hapakupigwa gwaride," alisema. "Hapo ng'ombe walilala." Kila Mkuria aliyechunga anajua: boma likihama, samadi hubaki ikiilisha ardhi vizazi na vizazi, na nyasi zake hazifanani tena na za jirani. Hapo walifungiwa maksai wa jeshi. Waliozikwa kando ya maksai ni wale waliolala nao, yaani wapagazi waliowabebea askari unga.

Bibi Ghati, jirani wa kambi, alimpa hata jina moja: Nyamohanga, ndugu wa babu yake bibi huyo, aliyekufa kwa kuhara damu. "Huyo hakushika bunduki hata siku moja," alituambia sote wawili. "Walimpa mzigo, wakampa mwingine, akafa."

Nilimwambia Wangwe kwamba hakuna atakayefunga safari kuja kutazama kaburi la wapagazi. Alipoendelea kuwasimulia wageni, nikaandika kwamba anapotosha historia. Barua hiyo ilimnyima cheo cha usimamizi mara tatu. Aliendelea kung'oa magugu kwenye yale mawe kwa mkono, maana alisema panga lina kelele.

Sasa niseme nililolificha. Sikukosea kwa kutojua. Mimi pia nilichunga ng'ombe wa baba yangu. Siku ya kwanza nilipozikanyaga nyasi zile nilijua ni boma. Nilitaka mashujaa wenye bunduki, nikawaandika, na aliyenisahihisha nikamwita mwongo.

Bango jipya la kaburi litafunuliwa leo. Maneno yake niliyaandika mimi mwezi Februari, kabla sijalazwa hapa Homa Bay: "Hapa wamelala askari." Tangu Jumatatu nimempigia mchoraji, Bwana Issack wa mjini Migori, mara sita. "Mzee, rangi imeshakauka," aliniambia. "Bila barua ya bodi mimi sifuti." Bodi nimeiandikia. Itakaa Alhamisi, programu hii inachapishwa Jumatano, na daktari amenishauri nisipange mambo ya Desemba. Sijui mtaona nini.

Kwa hiyo nawaomba nyinyi mlioshika karatasi hii. Kitambaa kikivutwa na mkasoma "askari", msipige makofi. Geukeni mumtazame Wangwe, mmwambie asome yeye, kwa sauti, jina linalostahili kuwa pale. Mkikuta limeshaandikwa, pigeni makofi mpaka ng'ombe wa Tanzania washtuke.

Ndugu Wangwe, ulisema kweli kwa miaka thelathini na mmoja, nami nilijua. Nisamehe. Kwa niaba ya wote uliowatembeza juani, asante. Nenda nyumbani, ukae chini, na yeyote atakayekuja kukuuliza habari za kambi, mtwishe gunia kwanza. Mungu akujalie siku nyingi na njema.