Debe la Kaka Rafaeli

Baba Paroko, wafiwa wenzangu, majirani wa Maramba, mimi ni Daniel, mdogo wake marehemu, nimeombwa niyasome maisha yake, na nitayasoma yote, hata panaponiuma.

Kaka Rafaeli alizaliwa tarehe 14 Machi 1961 katika kambi ya mkonge karibu na Muheza, akasoma shule ya msingi hapo hapo hadi mwaka 1976, kisha akashika panga la mkonge kama baba yetu, na mwaka 1984 akaja hapa kusimamia shamba la machungwa, kazi aliyoifanya miaka arobaini bila mchumaji wake hata mmoja kuumwa na nyoka.

Haikuwa bahati, jamani. Kila asubuhi alitangulia peke yake akipiga debe na kugonga ardhi kwa fimbo ndefu, nyoka wapishe, ndipo wengine waingie, na hakuna aliyeruhusiwa kukanyaga majani bila mabuti, wala kutia mkono asipopaona. Alitufundisha pia kwamba aliyeumwa asichanjwe, asifungwe kamba, asikimbie, bali atulie, abebwe hospitali, nasi tukamcheka, tukamwita Mzee Debe.

Alifunga ndoa na Praxeda tarehe 20 Agosti 1988, wakajaliwa binti mmoja, Consolata, aliyeolewa Songea. Praxeda alipofariki Mei 2015, kaka alibaki na nyumba tupu, akipika mwenyewe na kula mwenyewe, na mimi, ninayekaa ng'ambo ya shamba tu, nilikuwa na shughuli zangu.

Alhamisi tarehe 6 Juni 2024, saa tisa alasiri, wachumaji wakiwa wameshaondoka, swila alimuuma juu ya buti, na simu aliiacha nyumbani. Akakaa chini, akatulia kama alivyotufundisha, akapiga debe. Lilisikika mtaa mzima. Mimi nililisikia nikiwa barazani na chai yangu, nikasema, Mzee Debe huyo na nyoka wake, nikajimiminia kikombe cha pili. Alilipiga mpaka saa kumi na moja. Jirani yetu Yudith, aliyepita kutafuta kuni, alimkuta ameegemea mchungwa, naye kaka akamnong'oneza kwamba hakusogea hata hatua moja. Tulimfikisha hospitali tumechelewa, akafariki Ijumaa alfajiri.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliopambana, wachumaji wenzake, na Yudith. Majirani wengine tusamehewe, na wa kwanza ni mimi.

Kaka, tumekuja, tena wengi. Pumzika kwa amani.